Wakati Hautaki Kubembelezwa

Kuna uchawi mmoja umejaa sana kwenye hadithi za njozi tunazosoma na kuandika siku hizi. Wakati umeharibika. Saa zinarudi nyuma, marehemu anaonekana sokoni akichagua nyanya, jana inavuja ndani ya leo kama mvua kwenye nyumba ya mabati mabovu. Watu wamechanganyikiwa. Halafu anatokea mtu na ala yake, iwe zeze, iwe filimbi, iwe sauti tu. Anapiga. Wakati unasikiliza, unapoa, unarudi kwenye mstari. Watu wanakumbatiana. Hadithi imeisha.

Naupinga uchawi huu, na sababu yangu huenda si ile unayoitarajia. Siko upande wa wale wazee wa fasihi wanaosema njozi ni utoto, eti mwandishi wa Kenya aandike ukame, ufisadi na mama mboga, basi. Njozi naipenda. Muziki unaogusa wakati naupenda zaidi. Ninachopinga ni neno moja dogo lililojificha katikati ya hadithi: kutuliza. Nani alisema wakati ukichafuka dawa yake ni kutulizwa? Na ukishatulia, nani analala vizuri?

Tuanze mahali ambapo wengi wetu tulikutana na uchawi huu kwanza, kwenye michezo ya video. Mwaka 1998 Nintendo walitoa The Legend of Zelda: Ocarina of Time. Kijana anabeba kifilimbi cha mviringo, okarina, na kwa nyimbo fupi fupi anaita mvua, anageuza usiku kuwa mchana, anafungua Mlango wa Wakati. Mwaka 2000 wakatoa Majora's Mask, na hapo mambo yakawa mazito. Mwezi wenye sura ya hasira unaanguka juu ya mji. Zimebaki siku 3, yaani saa 72. Kijana akipiga Wimbo wa Wakati, anarudi alfajiri ya siku ya kwanza. Akiupiga kinyumenyume, saa zinajikokota.

Watu wanakumbuka kifilimbi na kusahau bei yake. Ukirudi siku ya kwanza, pesa zilizokuwa mfukoni zinapotea kama hukuziweka benki. Kibaya zaidi, kila mtu uliyemsaidia anasahau. Yule uliyemfuta machozi jana yuko pale pale penye shida yake na anakutazama kama mgeni. Kumbukumbu imebaki kwako peke yako. Na mwezi bado unaanguka! Wimbo wa Wakati hauuzuii mwezi hata siku moja, unakununulia nafasi tu. Ili mwezi uzuiwe, inabidi uzunguke pembe nne za nchi, uone kila eneo linaumwa na nini, uwafungue majitu wanne waliofungiwa huko. Hapo ndipo ukiwaita watakuja kuubeba.

Yaani mchezo wa video, kitu ambacho mamako alikuambia kinakupotezea muda, ulijua kwamba wimbo peke yake haumalizi kazi. Sisi tuliorithi kifilimbi tukaacha bei mezani. Tumebaki na toleo jepesi: piga, tulia, kumbatiana.

Angalia jinsi hadithi hizo zinavyoanza. "Wakati umeharibika." Mwalimu wako wa Kiswahili alikufundisha kauli za vitenzi na ukadhani ni za mtihani tu. Kuna kutendeka na kuna kutendwa. Kikombe kimevunjika: hakuna aliyekivunja, kimejivunjikia. Kikombe kimevunjwa: sasa tunamtafuta mtu. Lugha imekupa milango miwili, na ukiandika "wakati umeharibika" umeshachagua ule ambao haumwonyeshi mhalifu. Hakuna aliyeuharibu. Ni kama hali ya hewa. Na kwa kuwa hakuna aliyeuharibu, hakuna wa kuulizwa, kwa hiyo kilichobaki ni kutafuta mtu mwenye sauti nzuri.

Jaribu kuandika "wakati umeharibiwa". Msomaji atauliza papo hapo: na nani? Silabi moja imebadilika na hadithi yako imepata mgongo.

Kauli ya kutendeka unaijua vizuri, maana unaisikia kwenye taarifa ya saa moja jioni. Maisha yamepotea. Mali imeharibika. Hali imechafuka lakini sasa imetulia. Hakuna anayeua kwenye sentensi hizo. Risasi zenyewe zinajipiga. Ndiyo maana nasema mwandishi wa njozi anayetuliza wakati bila kuuliza swali anaweza kujiona mwasi, mtu wa mawazo mapya, kumbe anaandika kwa sarufi ya msemaji wa polisi.

Na uchawi wenyewe si wa kubuni. Tunao hapa Kenya, umefanyiwa mazoezi kwa miaka mingi, na wanaoushika si vijana wenye okarina.

Jumapili ya Agosti 1, 1982, wanajeshi wa anga walipojaribu kupindua serikali, mojawapo ya mahali pa kwanza walipoteka palikuwa kituo cha redio cha taifa, Sauti ya Kenya. Wakamchukua mtangazaji Leonard Mambo Mbotela, sauti ambayo nchi nzima iliijua, akatangaze kwamba serikali imeanguka. Kabla ya siku kuisha, wanajeshi watiifu kwa Moi walikuwa wamekirudisha kituo mikononi mwao. Fikiria hilo. Pande mbili zenye bunduki, na zote zinajua kwamba vita ni vya kupata kipaza sauti. Aliye hewani ndiye anayeiambia nchi ni saa ngapi, kama enzi mpya imeanza au ile ya zamani inaendelea kama kawaida.

Songa mbele hadi Desemba 30, 2007. Matokeo ya urais yanatangazwa, Kibaki anaapishwa siku hiyo hiyo jioni, na matangazo ya moja kwa moja yanapigwa marufuku. Tume ya Waki ilikuja kuhesabu watu 1,133 waliouawa katika ghasia zilizofuata. Wewe kama ulikuwa mtoto pengine unakumbuka nyimbo. Nyimbo za amani, nyimbo za uzalendo, bendera ikipepea kwenye runinga. Sisemi waliozitunga walikuwa na nia mbaya. Watu walikuwa wanachinjana na mwanamuziki alitoa alichokuwa nacho. Ila tazama wimbo ulifanya kazi gani baada ya moto kuzimika. Kufikia uchaguzi wa 2013, neno amani lilikuwa limegeuka kuwa kidole mdomoni. Kubali, songa mbele. Ukiuliza swali kuhusu kura, wewe ni adui wa amani. Wakati ulikuwa umetulizwa kama maji mtungini, na maji ya mtungini yametulia kwa sababu yamefungiwa.

Chukua mfano wa Eric Wainaina. Mtu mmoja alitupa "Daima", wimbo ambao ukipigwa hata mgumu wa moyo anameza mate. Mtu huyo huyo akatupa "Nchi ya Kitu Kidogo", ambao unaitaja hongo kwa jina lake la mtaani. Sauti ni ile ile. Sasa jiulize ni upi kati ya hizo mbili umezoea kuusikia siku ya Madaraka au Jamhuri, na ni upi unaachiwa wasee waucheze wenyewe nyumbani. Serikali inajua muziki kuliko wahakiki wengi. Inajua wimbo upi unapoza na upi unawasha, na inachagua bila kuandika insha yoyote.

Sisi pia tunajifanyia uchawi huo bila kutumwa. Jumapili mchana, nyama iko kwa moto, redio iko kwa zilizopendwa. Hebu lisikilize hilo neno: zilizopendwa. Mapenzi yamekwisha kutendwa, yamewekwa kwenye kabati na kufungwa. Mjomba anafumba macho na kusema enzi zetu, manze, enzi zetu mambo yalikuwa sawa. Enzi gani, mjomba? Tom Mboya alipigwa risasi mjini Nairobi Julai 5, 1969, mchana. J. M. Kariuki aliuawa Machi 1975. Miaka ya themanini kulikuwa na vyumba chini ya Nyayo House ambavyo watu waliingizwa wakatoka wamevunjwa, na juu yake watu walikuwa wanapanga foleni za karatasi kama kawaida. Gitaa lile tamu lilikuwa linapigwa miaka hiyo hiyo. Si kosa la gitaa. Lakini tukilitumia kufuta kila kitu kilichokuwa kinatendeka nje ya ukumbi, basi tumeshakuwa mafundi wa kutuliza wakati, na hatujalipwa hata senti.

Sasa utaniambia: kaka, punguza. Ni hadithi tu. Maisha ni magumu, kodi ya nyumba iko juu, kazi hakuna, mtu anataka kusoma kitu kimtoe kwenye hii Nairobi kwa nusu saa. Kwani mtu hawezi kupumzika?

Apumzike. Hakuna anayemkataza mtu usingizi. Lakini hata wimbo wa kumlaza mtoto una akili kuliko hadithi hizi. Mama yeyote anajua mtoto akilia huanzi na wimbo. Unaanza kwa kumkagua. Ana njaa? Ana joto? Kuna mdudu amemng'ata? Nepi? Ukishajua, ukishamnyonyesha au kumbadilisha, hapo ndipo unaimba, na wimbo unamfikisha usingizini. Anayemwimbia mtoto mwenye homa hadi anyamaze, halafu akasema kazi imeisha, huyo hajambembeleza. Amemnyamazisha. Kati ya kubembeleza na kunyamazisha kuna mtoto anayeweza kufa.

Hili halihitaji nadharia kutoka ng'ambo. Liko Pwani, limekuwepo muda mrefu, na waandishi wetu wa njozi wanalipita kama basi la Mombasa linavyopita Mtito Andei usiku.

Katika ngoma ya pepo, mtu akiwa amepandwa, yeye anaitwa kiti. Mganga analeta wapigaji, ubani unafukizwa, ngoma inaanza. Kila pepo ana ngoma yake na lugha yake, kwa hiyo wapigaji wanajaribu mpaka wapate ile inayomgusa. Na ngoma ikimpata, je, pepo anatulia? Wapi! Anachafuka zaidi. Anapanda kichwani, kiti kinatetemeka, na pepo anaanza kusema. Hapo ndipo kazi inapoanza. Wewe ni nani? Umetoka wapi? Unataka nini? Pepo anataja: nguo ya rangi fulani, pete, chakula fulani kwenye chano. Watu wanabishana naye bei, wanakubaliana, wanaahidi. Utulivu unakuja mwisho, baada ya jina na dai kusikika. Na ahadi isipotimizwa, pepo atarudi, na kila mtu kwenye uwanja anajua atakuwa na haki ya kurudi.

Simlazimishi mtu kuamini. Masheikh wengi wanaipinga ngoma hii, na hilo ni jambo la dini ambalo siliingilii. Nasema juu ya umbo lake. Hapa kuna desturi nzima ya muziki inayokutana na kitu kilichovuruga mwili wa mtu, na hatua yake ya kwanza ni kukipa kile kitu mdomo. Muziki ni mwaliko wa kusema. Ukiuhamishia kwenye hadithi yako ya wakati uliopasuka, njama yote inabadilika. Mpiga zeze anapiga, na jana badala ya kurudi mahali pake inapanda kichwani mwa mtu na kusema: mimi ni mwaka fulani, nilizikwa bila sala, nataka majina yasomwe. Hapo nitasoma mpaka alfajiri na chai ipoe.

Au nenda Makunduchi, kusini mwa Unguja, mwezi wa Julai, siku ya Mwaka Kogwa. Mwaka wa kale wa Waswahili, wenye asili ya Nairuzi ya Waajemi, unageuka. Huo ndio wakati wenye mushkeli kuliko wote, kati ya mwaka unaotoka na unaoingia. Wanafanyaje? Wanaume wanachapana kwa makoa ya migomba, magomvi ya mwaka yanamalizwa hadharani, wanawake wanaimba wakizunguka, kibanda kinachomwa moto. Baada ya hapo ndipo watu wanakula pamoja na mgeni anakaribishwa kila nyumba. Mpangilio ni huo: ugomvi, moto, wimbo katikati ya vurugu, halafu pilau. Hakuna anayeanza na pilau.

Na kabla hujapiga, kuna swali lingine ambalo hadithi zetu hazilijibu: ala ni ya nani? Waswahili walilijua hilo pia. Siwa, ile baragumu kubwa ya pembe ya ndovu ya Pate, haikuwa chombo cha burudani. Ilikuwa mamlaka yenyewe. Sherehe isiyopulizwa siwa ilikuwa sherehe ya watu wa kawaida. Habari za Pate zinasimulia Mwana Darini, mwanamke aliyetaka siwa kwa ajili ya sherehe ya mwanawe akanyimwa. Hakuimba kwa upole ili wenye siwa wamwonee huruma. Aliagiza fundi amchongee nyingine.

Soma hiyo tena halafu uniambie kwa nini shujaa wako lazima apewe filimbi ya kichawi na mzee mwenye ndevu. Shujaa wetu alinyimwa ala na akaagiza yake. Kama huo si mwanzo wa riwaya ya njozi, sijui unangoja nini.

Kuna hoja moja ya kisomi ambayo hutumiwa kutufunga mikono. Mwaka 1969 John Mbiti, mwana wa Kitui, alichapisha African Religions and Philosophy, na humo akachukua maneno mawili ya Kiswahili, sasa na zamani, akajenga juu yake nadharia kwamba kwa Mwafrika wa jadi wakati una pande mbili tu: zamani ndefu na sasa. Wakati ujao karibu haupo. Alitegemea hasa nyakati za vitenzi vya Kikamba na Kigikuyu. Mbiti alikuwa msomi mkubwa na kitabu chake kiliwalazimisha Wazungu kutuchukua kama watu wenye fikra. Wengine kama Kwame Gyekye wa Ghana walishampinga kwa hoja za kifalsafa. Mimi nina jibu la jikoni.

Ametumia maneno ya Kiswahili, basi aulizwe na Kiswahili. Lugha hii ina kesho. Ina kesho kutwa. Baada ya kesho kutwa ina mtondo, na baada ya mtondo ina mtondogoo. Watu wasio na wakati ujao wanatafutaje jina maalum la siku ya nne kutoka leo? Mtu alilitunga neno mtondogoo kwa sababu alikuwa na deni la kulipwa siku hiyo, au jahazi la kupokea, au harusi. Nenda umuulize mwenye duka unapokopa unga kama hajui kuhesabu siku zijazo.

Hili lina uzito kwenye hadithi, maana uchawi wa kutuliza wakati siku zote unarudi nyuma. Wimbo unapigwa na mambo yanarudi yalivyokuwa. Kwa kijana wa miaka 22 Kayole, yalivyokuwa lini? Ni mwaka gani huo unaotaka arudishwe, ambao polisi hawakumsimamisha njiani, ambao shahada ilikuwa na kazi, ambao hospitali ilikuwa na dawa? Kurudisha wakati ulivyokuwa ni ndoto ya mtu ambaye wakati uliopita ulimtendea mema. Wengine tunataka wimbo wa mtondogoo.

Na tuliusikia. Juni 2024, wakati wa maandamano ya kupinga Mswada wa Fedha, wimbo uliokuwa mdomoni na miguuni mwa watu ulikuwa "Anguka Nayo" wa Wadagliz. Wimbo wa densi. Haukutungwa uwe wa mapinduzi. Vijana waliuchukua wakaupeleka mitaani, wakaucheza mbele ya malori ya maji, na neno la densi likawa na maana ambayo hakuna kamati ya sherehe za kitaifa ingeweza kuipitisha. Juni 25 waandamanaji wakaingia Bungeni. Kesho yake Rais akasema hatatia sahihi mswada. Hakuna aliyemtuliza mtu. Wakati ulisukumwa, na ukasogea.

Ulisogea kwa bei, na bei hiyo ina majina. Kufikia mwanzo wa Julai, Tume ya Kitaifa ya Haki za Binadamu ilikuwa imehesabu watu 39 waliouawa. Julai 7, Saba Saba, vijana wakakusanyika Uhuru Park kwa tamasha la kuwakumbuka waliouawa. Tamasha! Wahakiki wa mezani wakacheka: mnaomboleza kwa kucheza? Ndiyo. Pwani, Magharibi, Ukambani, wapi katika nchi hii watu hawajawahi kuomboleza kwa ngoma? Siku hiyo muziki haukutumwa kuufunga mdomo mwezi wa Juni. Ulitumwa uuite, upande, useme unataka nini.

Mwaka mmoja baadaye, Juni 25, 2025, watu walipotoka tena kukumbuka, Mamlaka ya Mawasiliano iliagiza vituo viache kutangaza maandamano moja kwa moja. Mahakama Kuu ikalisimamisha agizo hilo. Lakini umeona? Miaka 43 baada ya 1982, bado ni vita vya siwa. Bado kuna mtu anayeamini kwamba akishika baragumu, ataamua leo ni siku gani.

Najua jibu moja litakuja, nalo ni zuri kuliko mengine: wimbo wa kuvuruga nao hununuliwa. "Unbwogable" ya Gidi Gidi Maji Maji ilikuwa ya vijana wakijipa moyo, na mwaka 2002 ikawa wimbo wa kampeni wa NARC, na NARC tunajua ilivyoishia. Kweli. Wimbo wowote unaweza kuibwa. Ndiyo maana siombi tuhame kutoka nyimbo za kutuliza kwenda nyimbo za kuvuruga kana kwamba kelele ni ukombozi. Naomba hadithi zituonyeshe ala iko mkononi mwa nani, na ikihama mkono, tuone inavyohama. Hadithi ya wimbo wa waasi uliouzwa kwa wakubwa, na siku moja waasi wanausikia ukipigwa kwenye msafara wa magari yenye vioo vyeusi, hiyo ni njozi ya kutisha kuliko mwezi wowote unaoanguka.

Wengine watasema nataka kila hadithi iwe siasa. Hapana. Andika mapenzi. Andika bibi aliyekwama kwenye alasiri moja ya 1974 na mjukuu anayempigia taarab ili atoke. Lakini mjukuu asipige mpaka bibi atulie. Apige mpaka bibi aseme kuna nini kwenye ile alasiri. Labda kuna barua hakuipeleka. Labda kuna mtu alimwacha kwenye kituo cha basi. Bila hilo jambo, unaandika dawa ya usingizi tu.

Kwa hiyo wewe unayeandika usiku kwa simu, chaji imebaki asilimia 9 na stima imepotea, nina maombi matatu kabla hujamleta mpiga zeze wako. Badilisha kitenzi: wakati umeharibiwa, na uandike na nani. Eleza ala imetoka wapi, nani aliyenyimwa, nani aliyechonga. Na wimbo ukianza, usimruhusu mtu yeyote kwenye hadithi akumbatiane na mwenzake mpaka wakati wenyewe uwe umeulizwa jina lake na umejibu.

Ukijibu kwamba unataka kulala, mwimbie alale. Huenda ukajibu jambo lingine kabisa.